Tlön: Lugha Isiyo na Nomino, na Wosia wa Buckley

Hadithi fupi ya Jorge Luis Borges, "Tlön, Uqbar, Orbis Tertius", hupokelewa kwa namna mbili katika semina zetu. Wapo wanaoisifu kama mchezo wa akili, basi. Wapo wanaouliza dhamira yake ni ipi kwa mkulima wa kawaida, na wasipoiona wanafunga kitabu. Mimi naona kambi zote mbili zimepita mlangoni bila kuingia ndani.

Kwa asiyeisoma: ilitoka mwaka 1940 katika jarida la Sur la Buenos Aires, ikaingia katika Ficciones mwaka 1944. Wengi wetu tumeipata kwa Kiingereza, katika mkusanyo wa Labyrinths wa 1962. Inahusu jumuiya ya siri ya karne ya 17, iliyojishughulisha na elimu za siri na Kabala, na iliyokusudia kubuni nchi nzima, watu wake na lugha zake. Borges anamtaja Dalgarno miongoni mwa wanachama, na Dalgarno alikuwa mtu kweli. Mwaka 1661 alichapisha Ars Signorum, jaribio la kuunda lugha ya kifalsafa, na mwaka 1668 John Wilkins akaja na lugha yake iliyogawa ulimwengu mafungu 40, kila herufi ya neno ikibeba sehemu ya maana. Yaani ukilijua neno, umekijua kitu. Hata pwani yetu tamaa hiyo haikosekani: waulize wenye elimu ya herufi, ambao kwao alifu ni 1, be ni 2, hadi kufikia 1000, na ambao hujumlisha jina lako na la mama yako ili waipate nyota yako. Tofauti ni kwamba hao wanaamini siri imewekwa na Mungu. Ya Tlön imewekwa na kamati.

Sasa tutazame lugha yenyewe. Kusini mwa Tlön hakuna nomino. Mwezi hautajwi, kuna kitenzi cha "kumwezika", tuseme hivyo. Kaskazini hurundika vivumishi badala yake. Watu hawa wanauona ulimwengu kama mfululizo wa matendo katika wakati, si vitu vilivyokaa mahali. Msomaji wa Kihispania huenda akatabasamu na kuendelea. Hebu sisi tujaribu kwa Kiswahili.

Mara ya kwanza mtu anaweza kudhani tumeshafika. Si tunasema "kumekucha"? Nani amekucha? Hakuna. Lakini wanaisimu watatukumbusha kwamba ku- hiyo ni ya mahali. Kiswahili hata kinapokosa mtenda hakikosi mahali, na mahali ndipo hasa wanapopakana watu wa Tlön na wazimu: hawana. Halafu kuna upatanisho wa kisarufi. Ukisema "kimevunjika" bila kutaja kiti, kiti bado kimo ndani ya kitenzi, kimejificha katika ki-. Ondoa nomino zote, kitenzi chetu kipatane na nini? Kaskazini ndiko kugumu zaidi, maana vivumishi vyetu vya asili vinahesabika. Vingine tunaviunda kwa -a ya uhusiano na nomino hiyo hiyo tuliyokwisha kuifukuza. Jaribio hili linatuonyesha kwamba kuondoa nomino ni kung'oa nguzo, si kupamba nyumba.

(Wahakiki wa Tlön nao ni kichekesho. Vitabu huko havina jina la mwandishi, kwa hiyo wanachukua vitabu viwili visivyofanana kabisa, wanavipa mwandishi mmoja, kisha wanachambua nafsi yake kwa makini sana. Nimesoma tasnifu za namna hiyo.)

Lakini jambo linalonikera kwa jinsi tunavyoisoma hadithi hii ni kwamba hatumtaji Ezra Buckley. Ndiye tajiri wa Marekani ambaye, huko Memphis mwaka 1824, aliona kubuni nchi ni jambo dogo, akataka sayari. Ni mkana Mungu na mtetezi wa utumwa. Aliiachia jumuiya mali yake yote, na Borges anaiorodhesha: milima ya dhahabu, mito, mbuga zenye ng'ombe na nyati, watumwa, madanguro, dola. Orodha inapita haraka, nasi tunapita nayo. Mbona? Dunia inayodai kwamba vitu havipo, ila matendo tu, imegharimiwa na mtu ambaye kwake binadamu walikuwa nomino katika wosia, baada ya ng'ombe na kabla ya dola. Anayetafuta dhamira, hii hapa. Anayetaka mchezo wa akili, aangalie nani kalipa kiingilio.

Mwishoni vitu vya Tlön vinaanza kuvuja katika dunia yetu, na shule zinafundisha historia yake badala ya yetu. Borges anasema wazi kwamba mpangilio wowote ulio nadhifu ulitosha kuwalevya watu miaka ile, akiutaja Unazi kwa jina. Halafu msimulizi wake anajifungia hotelini Adrogué, akirekebisha tafsiri ya Browne ambayo hana nia ya kuichapisha. Wengi husifu utulivu huo. Mimi hapo simfuati: yeye ndiye aliyeusoma wosia.