Nani Aseme Basi? Mieleka ya Kizimba na Kanuni Iliyoachwa



Kila tunapotaja mieleka ya televisheni katika mabaraza yetu ya huku ughaibuni, wazee hucheka na akina mama huomba rimoti. "Si ni uongo ule?" Jibu letu ni fupi: mshindi hupangwa kabla, hilo halina ubishi. Hata tamthilia mwisho wake umeandikwa kabla pazia halijafunguliwa, na hatujamsikia mtu akidai kurudishiwa kiingilio kwa sababu hiyo. Swali la mhakiki ni kama mchezo umepangwa vizuri. Leo tunataka kuutazama mmoja, ule wa timu mbili ndani ya kizimba cha chuma uitwao WarGames, kwa sababu tunaamini ulipangwa vizuri kuliko yote, na kwamba waliourithi wameondoa ndani yake kitu ambacho hakikufaa kuondolewa.

Mchezo huu ulibuniwa na Dusty Rhodes, mwanamieleka wa Texas aliyekuwa pia mtunzi wa visa vya ulingoni. Wazo alilipata kwenye filamu ya Mad Max Beyond Thunderdome ya mwaka 1985, ambayo ina pambano ndani ya kizimba. Mara ya kwanza ulichezwa tarehe 4 Julai 1987 katika ukumbi wa Omni, Atlanta. Rhodes na wenzake walikabili kundi la Four Horsemen la akina Ric Flair na Arn Anderson.

Kanuni za asili zilikuwa hivi. Malingo mawili huwekwa ubavu kwa ubavu, yakafunikwa yote na kizimba kimoja cha wavu wa chuma chenye paa. Mtu mmoja kutoka kila timu huingia, na hao wawili hupigana dakika tano. Kisha shilingi hurushwa. Timu iliyoshinda shilingi huingiza mtu wa pili, na kwa dakika mbili wanakuwa wawili kwa mmoja. Dakika hizo zikiisha timu ya pili huingiza wake, wakawa sawa. Huendelea hivyo kwa zamu mpaka wote wameingia. Hapo ndipo mchezo wenyewe huanza, maana kabla ya hapo hakuna anayeweza kushinda. Na njia ya kushinda ni moja tu: mtu wa timu ya pili asalimu amri. Kumlaza mtu chali hadi mwamuzi ahesabu tatu hakukuwa na maana yoyote humo ndani.

Kazi yetu ya uhandisi imetuzoesha kukagua hesabu kabla ya kusifu jengo, basi tuzikague. Wakiwa watano kwa watano, mtu wa mwisho huingia dakika ya 19. Katika muda huo, timu iliyoshinda shilingi hupata wingi wa mtu mmoja mara nne, dakika mbili kila mara, jumla dakika nane. Timu iliyoshindwa shilingi haizidi wenzake kwa idadi hata sekunde moja. Kilele chake ni kuwa sawa. Na karibu kila mara shilingi huwaangukia majambazi. Mtazamaji anayeona wizi hapo anaona sawasawa, ila wizi huo ndio unaoendesha mchezo. Stelingi angeshinda shilingi, yeye na mwenzake ndio wangekuwa wakimchangia mtu mmoja, na ukumbi mzima ungeanza kumwonea huruma jambazi.

Tumtazame pia yule anayesubiri nje. Anamwona mwenzake akipigwa na wawili, mlango umefungwa, na saa haimsikilizi. Anashika wavu, anapiga kelele, hana la kufanya. Sisi tulio mbali na nyumbani, tunaopokea simu ya usiku kwamba mama amelazwa na tiketi ya karibu ni ya Alhamisi, hatuhitaji kufafanuliwa hali hiyo.

Lakini moyo wa mchezo ni ile kanuni ya kusalimu amri. Mmoja akisema basi, imekwisha kwa wote. Angalia kilichotokea siku ya kwanza kabisa mwaka 1987. Horsemen walikuwa na wanaume wanne wa kuogopwa, na wa tano alikuwa meneja wao, J.J. Dillon. Aliyesalimu amri ni Dillon. Aliumia bega kwelikweli humo ndani, na mchezo uliporudiwa Miami mwishoni mwa mwezi ule, nafasi yake ilijazwa na mtu mwingine. Wanaume wanne wakashindwa kwa bega la mtu wa tano.

Tarehe 24 Februari 1991, mjini Phoenix, kanuni hiyo ilionyesha sura nyingine. Brian Pillman, kijana mwepesi wa umbo, alinyanyuliwa juu na jitu liitwalo Sid Vicious ili abwagwe kwa mgongo. Paa la kizimba lilikuwa chini mno kwa mtu aliyeinuliwa namna ile. Miguu ya Pillman iligonga wavu, mwili ukakatika mwendo, akaanguka kwa shingo. Sid akamnyanyua akambwaga tena. Pillman hakuweza kusema lolote. Akatokea mtu mrefu kupita wote, Mwajentina El Gigante, akasalimu amri kwa niaba yake. Timu ya Sting na Pillman ikashindwa kwa huruma ya rafiki.

Mkanda wa mchezo huo tuliuona tukiwa wanafunzi hapa Marekani, watu watano wa Afrika Mashariki katika nyumba moja ya kupanga, tukichanga fedha kila Jumamosi kukodi video. Gigante aliposema basi, mwenzetu mmoja alisimama kwa hasira. "Nani kamtuma? Mwenyewe hajasema!" Mwenzetu huyo alikuwa akifanya kazi usiku kwenye ghala na kuhudhuria masomo mchana, na nusu ya mshahara ilikwenda nyumbani. Sote tulikuwa tukimwambia avumilie. Lilikuwa neno letu la kila siku, tena tulilitamka kama sifa. Miezi michache baadaye alianguka kwenye maabara. Aliyekwenda ofisi ya chuo kueleza kwamba mtu huyu hawezi kumaliza muhula ni mkubwa wetu wa nyumba, bila kumwuliza mgonjwa. Mgonjwa alipopata nafuu hakusema naye karibu mwaka mzima. Alimaliza shahada baadaye, akiwa mzima, na leo ana wajukuu. Wengine sisi tuliobaki tukisema "vumilia" tulijiona marafiki wema kuliko yule aliyesema basi. Tulikosea, na mchezo wa mieleka ulikuwa umetuonyesha mapema.

Mwaka uliofuata, tarehe 17 Mei 1992 huko Jacksonville, Florida, ulichezwa ule ambao wapenzi wengi wanauona bora kupita yote. Sting aliongoza timu yenye Ricky Steamboat, Barry Windham, Nikita Koloff na Dustin Rhodes, mtoto wa mbunifu mwenyewe. Dhidi yao walikuwa Dangerous Alliance: Rick Rude, Steve Austin, Arn Anderson, Larry Zbyszko na Bobby Eaton. Majambazi walilegeza vyuma vinavyoshika kamba za ulingo ili wapate silaha. Mwishoni Zbyszko akainua chuma ampige Sting. Sting akakwepa, chuma kikampata Eaton, mtu wa upande wa Zbyszko. Sting akaudaka mkono ule ule ulioumia, akaupinda, Eaton akasalimu amri. Hakuna kitu kilicholetwa kutoka nje kuumaliza mchezo. Silaha ilitoka kwenye ulingo wenyewe, na kushindwa kukatoka kwenye hila yao wenyewe. Hiyo ndiyo kazi ya fundi.

Kampuni ya WCW iliyokuwa ikiandaa michezo hii ilinunuliwa na mshindani wake mwaka 2001, na WarGames ikalala. WWE iliifufua tarehe 18 Novemba 2017 mjini Houston, miaka miwili baada ya Dusty Rhodes kufariki. Miongoni mwa waliyobadilisha ni mambo mawili. Kwanza, waliondoa paa. Pili, waliruhusu ushindi kwa kumlaza mtu na kuhesabu tatu.

Kuhusu paa hatuna ugomvi mkubwa. Anayekumbuka shingo ya Pillman hawezi kulilia. Ila paa lilipoondoka, wachezaji wakaanza kupanda juu ya kizimba ili waruke, na kizimba kilichokuwa gereza kikageuka ngazi. Jambo la pili ndilo linalotusikitisha. Mtu hulazwa chali kwa sekunde tatu kwa sababu ameteleza, amechoka au amepitiwa, hakuamua chochote. Kusalimu amri ni uamuzi, na ulikuwa uamuzi mbele ya wenzake wanne watakaoubeba pamoja naye. Kanuni mpya imemwondolea mchezaji kauli.

Tusiwe wagumu kupita kiasi. Tarehe 26 Novemba 2022 mjini Boston, ndani ya kanuni hizo hizo mpya, tulimwona Sami Zayn akimpiga Kevin Owens, rafiki yake wa miaka mingi, ili kuithibitishia familia ya Roman Reigns kwamba yeye ni wao. Kisha akamwachia Jey Uso, aliyekuwa hamwamini, amalize kwa kuhesabu tatu. Usaliti na uaminifu katika tendo moja: hapo watunzi walistahili sifa. Na mwaka 2019, wanawake walipocheza WarGames kwa mara ya kwanza katika WWE, Rhea Ripley na Candice LeRae walibaki wawili dhidi ya wanne baada ya mwenzao kumgeuka mwenzake mlangoni, na wakashinda. Uonevu wa hesabu bado unafanya kazi.

Lakini tukilinganisha, tazama kampuni ya AEW mwaka 2021, iliyoendesha mchezo wa aina hii ikiishika kanuni ya zamani. Chris Jericho alishikwa juu ya kizimba, adui akitishia kumsukuma. Kijana Sammy Guevara akasalimu amri ili kumwokoa mkubwa wake, na adui akamsukuma hata hivyo. Wengi walicheka kwa sababu mahali alipoangukia palionekana wazi kuwa pametandikwa laini. Sisi tulibaki tukimtazama Guevara. Alikuwa amekubali kushindwa kwa ajili ya mtu mwingine, akadhulumiwa, na bado hatukuona alikosea.

Basi kwa wanaosema ni uongo, tunaomba jambo moja. Mkikaa na watoto wenu Novemba ijayo kutazama kizimba kikishushwa, msiwaambie nani kapangiwa kushinda. Waulizeni: mwenzako angekuwa humo ndani, hawezi kusema, ungemwambia avumilie, au ungesema basi kwa niaba yake? Nyumbani kwetu swali hilo lilichukua jioni nzima, na vijana wetu hawakukubaliana.