Picha za Kale katika Filamu: Khabari Iliyokosa Sanad



Ndugu msomaji, watengenezaji wa filamu za historia hutegemea sana picha za zamani. Je, picha hizo ni ushahidi tosha? Tuchukue mfano ulio karibu nasi: filamu ya Kiitaliano "Africa Addio" ya mwaka 1966, ya Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi. Mna ndani yake picha zilizochukuliwa kutoka angani baada ya mapinduzi ya Zanzibar ya Januari 12, 1964, siku chache kabla ya Ramadhani ya 1383 Hijria. Zinaonekana maiti na makaburi ya halaiki. Vipande hivyo vimetiwa katika filamu nyengine bila ya kutajwa vilikotoka.

Maulamaa wa hadithi wametufundisha kupambanua. Maneno ya mpokezi yakichanganyika na matni huitwa mudraj, na Al-Khatib al-Baghdadi (aliyefariki 463 H) aliyaandikia kitabu kizima. Filamu hii imejaa mudraj. Picha ni jambo moja. Sauti ya msimulizi, inayotaka tuamini kuwa Mwafrika hawezi kujitawala, ni jambo jengine. Aidha, Jacopetti alichunguzwa huko Italia kwa tuhuma kwamba mauaji ya Kongo yalipangwa kwa ajili ya kamera, na akaondolewa tuhuma hiyo. Tuhuma si hukumu, lakini inatulazimu kuhakiki, kama tulivyoamrishwa katika Suratul Hujurat, aya ya 6.

Wapo wanaoikataa filamu yote kwa ubaya wa makusudio yake, na wapo wanaoipokea yote kwa uchungu wa kufiwa. Sisi hatukubaliani na wote wawili. Wa kwanza wanawasahau waliouawa. Wa pili wanampa anayewadharau kuwa msemaji wao.

Hivyo, mwenye kuzitumia picha hizo leo ni juu yake kutaja zilikotoka, mahali na wakati. Kuyatenga maneno ya msimulizi. Na kuzilinganisha na ushahidi wa wazee walioshuhudia, kabla hawajamalizika. Tena maiti wa Kiislamu ana hurma yake kama aliye hai. Kumwonyesha kwa haja ya kuthibitisha ukweli kuna nafasi. Kumwonyesha kwa kuchochea fitna au kutafuta pesa hakufai.

Wallahu a'lam.