Tanzanaiti ni Rangi: Namna ya Kulipima Jiwe la Mirerani

Kabla ya mwaka 1968 hapakuwa na tanzanaiti. Jiwe lenyewe lilikuwepo, limelala kwenye miamba ya kinywe ya vilima vya Mirerani kwa miaka ipatayo milioni 585, na mwaka 1967 lilikuwa limeshaanza kutolewa ardhini. Lililokosekana ni jina. Wataalamu walipolichunguza walikuta ni zoisaiti, madini yaliyojulikana Ulaya tangu 1805 na kupewa jina la Sigmund Zois, tajiri wa Slovenia aliyependa kukusanya mawe. Henry Platt wa Tiffany, kampuni ya vito ya New York, aliona jina hilo haliuziki, na inasimuliwa kwamba masikioni mwa wasemaji wa Kiingereza lilikaribia mno neno lao la kujiua. Akalipa jiwe jina la nchi lilikotoka, nchi ambayo nayo ilikuwa imeanza kuitwa Tanzania miaka minne tu nyuma.

Nani alitangulia kuliona? Mzozo huo una wenyewe. Serikali inamtambua Jumanne Mhero Ngoma, ambaye mwaka 2018 Rais Magufuli alimzawadia shilingi milioni 100. Wengine humtaja Manuel d'Souza, mtafuta madini wa Arusha. Mnunuzi anahitaji kujua jambo jingine: Platt hakuyapa madini jina jipya. Aliipa jina rangi. Katika orodha ya wanasayansi hadi leo madini hayo ni zoisaiti, na tanzanaiti ni jina la biashara la zoisaiti ya bluu hadi urujuani. Zoisaiti ya waridi ya Norwei inaitwa thulaiti. Ile ya kijani yenye madoa ya yakuti nyekundu, inayochimbwa Longido na kuchongwa vinyago na bakuli, inaitwa anyolaiti. Zote ni ukoo mmoja, na ya Longido inatoka nchi ileile, lakini hakuna anayeiita tanzanaiti. Kwa hiyo ukiambiwa jiwe ni tanzanaiti halisi, umeambiwa jambo moja tu kati ya mengi unayopaswa kujua. Halisi zipo za kila bei, hadi zile zilizopauka kama maji ya bluu ya kufulia.

Anza na rangi, na rangi anza na mwanga. Maduka mengi ya vito huning'iniza taa kali nyeupe juu ya sinia, na chini ya taa hizo jiwe la kawaida huonekana la kifalme. Omba ruhusa ulitoe nje. Lishike kivulini, si juani, asubuhi au alasiri mapema, juu ya karatasi nyeupe isiyong'aa. Kisha lirudishe ndani ulitazame chini ya balbu ya njano. Mchana tanzanaiti huelekea bluu. Kwenye mwanga wa njano huelekea urujuani, na mawe mengine hutoa cheche za wekundu. Kubadilika huko si kasoro, ndiyo tabia yake. Jiwe bora ni lile linalobaki na rangi nzito katika mianga yote miwili. Likiwa zuri chini ya taa moja tu, bei yake ni ya taa hiyo.

Sasa ligeuze. Tanzanaiti ina rangi tofauti kila upande unakoitazamia, na hapo ndipo ustadi wa mkataji unapojulikana. Jiwe ghafi ambalo halijachomwa huonyesha rangi tatu: bluu, urujuani, na ya tatu ya kahawia au manjano yenye ukijani. Likipikwa kwenye tanuri kwa nyuzi zipatazo 500 hadi 600 za Selsiasi, ile ya tatu hutoweka, zikabaki bluu na urujuani. Karibu kila tanzanaiti unayoiona dukani imechomwa. Sioni sababu ya kulalamika: rangi hiyo haififii tena, na biashara nzima inaikubali. Wapo wanaotoza zaidi kwa jiwe wanaloapa kwamba halijaguswa na moto. Mwambie muuzaji wa namna hiyo akuonyeshe ile rangi ya tatu. Asipoweza, usiongeze hata shilingi kwa kiapo, maana ardhi nayo huyachoma baadhi ya mawe yenyewe kwa yenyewe, na hata maabara hushindwa mara nyingi kutofautisha moto wa tanuri na moto wa ardhi.

Mkataji anachagua rangi ipi iangalie juu, na uchaguzi huo una gharama. Mara nyingi bluu safi huonekana kwa upande mwembamba wa jiwe ghafi, kwa hiyo anayeitaka hupoteza uzito mwingi. Anayeuridhia urujuani hubaki na jiwe kubwa zaidi. Ndiyo maana kwenye mzani mmoja, bluu yenye kivuli cha urujuani huwa ghali kuliko urujuani wenye kivuli cha bluu. Mimi nikikuta jiwe la urujuani mzito lililokatwa vizuri kwa bei yake ya haki, nalichukua bila kusita, maana soko limeigeuza bluu kuwa sheria na kuusahau uzuri wa pili wa jiwe hili.

Ukubwa nao unasema. Vanadiamu kidogo iliyomo ndiyo inayotia rangi, lakini jicho linahitaji kina cha jiwe ili ikolee. Mawe ya karati moja au mbili kwa kawaida huwa mepesi ya rangi. Uzito wa rangi huanza kuonekana vizuri kuanzia karati tano hivi, yaani gramu moja. Kwa hiyo jiwe dogo lenye rangi nzito sana ni mojawapo ya mawili: hazina, au limepakwa. Mwaka 2008 maabara za Marekani zilikamata tanzanaiti zilizopakwa utando mwembamba wenye kobalti ili zionekane nzito. Chukua lenzi ya kukuza mara 10 na uchunguze kingo, pale nyuso mbili zilizosuguliwa zinapokutana. Utando ukianza kulika, kingo hupauka kabla ya kwingine.

Ukiwa na lenzi mkononi, tazama na ndani. Tanzanaiti inayojiheshimu haina uchafu unaoonekana kwa macho matupu. Hilo soko haliliombi, linalidai. Ukiona chembe nyeusi, yaelekea ni kinywe, kumbukumbu ya mwamba ilikozaliwa. Chembe ndogo pembeni inavumilika, na fundi wa pete anaweza kuifunika kwa ukucha wa dhahabu. Lakini ikiwa karibu na ncha ya chini, nyuso za jiwe huirudufisha kama vioo, ukaona chembe sita mahali ilipo moja. Nyufa ni habari nyingine. Zoisaiti ina mwelekeo mmoja ambao hupasuka kirahisi sana, na ufa unaofika juu ya uso ni mlango wa kuvunjikia. Lenye ufa wa namna hiyo, hata liwe la rangi gani, mimi nalirudisha.

Mkato ni jambo la dakika moja. Weka jiwe kifudifudi juu ya maandishi ya gazeti, uso wake mpana ukigusa karatasi. Ukiweza kusoma herufi kupitia katikati, limekatwa bapa mno na mwanga unavuja badala ya kurudi kwako. Kinyume chake, tumbo likiwa nene kupita kiasi unalipia karati ambazo hakuna atakayeziona pete ikivaliwa.

Kuhusu uzito na bei, watu wengi bado wanapiga hesabu kwa habari ya Saniniu Laizer, mchimbaji wa Mirerani aliyeuza mwaka 2020 mawe mawili ya kilo 9.27 na kilo 5.103 kwa shilingi bilioni 7.74. Ukigawanya, ni kama shilingi 540,000 kwa gramu. Hiyo ni bei ya mawe ghafi, yenye maganda, nyufa na sehemu zisizofaa kukatwa, na ni bei ya mawe mawili yale tu. Usiipeleke dukani kama rula.

Rula nyingine ya kuiacha nyumbani ni herufi. Utaoneshwa mawe ya "AAA", na kwingine "AAAA", lakini hakuna chombo kinachosimamia herufi hizo. Kila muuzaji ana alfabeti yake. Mwulize swali jingine: ni bluu au urujuani, ni nzito kiasi gani, ni safi kiasi gani? Muuzaji anayelijua jiwe lake atajibu bila kutaja herufi.

Halafu lipo suala la mawe ya kijani. Mirerani hutoa pia zoisaiti za kijani, njano, waridi na zisizo na rangi, na wafanyabiashara huziita tanzanaiti za kijani au tanzanaiti za rangi. GIA, taasisi ya vito ya Marekani, haikubali. Kwake hizo ni zoisaiti. Naelewa wauzaji wanalotafuta, maana jina ndilo linalouza. Lakini jina lilitolewa kwa bluu. Nunua ya kijani kwa sababu ni nzuri na ni adimu, wala usilipie jina lililoazimwa.

Jina hili pia ni cheti cha kuzaliwa. Yakuti ya bluu inaweza kutoka Sri Lanka, Kashmir au Madagaska, na lazima uulize. Tanzanaiti ya biashara inatoka eneo moja tu, Mirerani wilayani Simanjiro, ambalo tangu 2018 limezungukwa na ukuta wa kilomita 24. Mawe mengi husafiri kukatwa Jaipur, na wapo wauzaji wa ughaibuni wanaoyaandika ya India. Aliyekata si aliyezaa.

Zinazoigiza tanzanaiti ni kioo, fosteraiti ya maabara na iolaiti, jiwe halisi lakini la bei ya chini. Tanzanaiti yenyewe iliyotengenezwa na binadamu haijaingia sokoni. Anayekuuzia "ya maabara" anakuuzia kitu kingine.

Fikiria pia utaivaa wapi. Ugumu wake ni kama 6.5 katika kipimo cha Mohs, na vumbi la barabarani lina kwatzi yenye ugumu wa 7. Kwa hereni na kidani haina shida. Kwa pete ya kila siku, chagua fremu inayoinuka kuzunguka jiwe. Isioshwe kwa mashine ya mawimbi ya sauti. Maji ya uvuguvugu, sabuni na brashi laini vinatosha. Sonara akitaka kulehemu pete, alitoe jiwe kwanza. Na siku ya kununua, dai risiti inayotaja madini, uzito kwa karati, rangi kwa maneno na kama limechomwa. Serikali ya Tanzania imeanzisha masoko ya madini tangu 2019, na kununua humo hukupunguzia maswali uwanja wa ndege.