Jina Lililotoka Italia: Namna ya Kulipima

Kumpa mtoto jina la mahali si jambo geni kwetu. Pwani wamejaa akina Madina, Safa na Marwa, na majina hayo ni mji mtukufu na vilima viwili vya Makka. Kwa Wakristo wapo akina Sharon, Bethania na Jordan. Hakuna anayemsumbua Marwa kwa kumuuliza ilikuwaje akaitwa kilima. Kwa hiyo mzazi anayetaka binti yake aitwe kwa mji wa Italia yumo ndani ya mila, awe anaishi Nairobi, Dar es Salaam au hukohuko Milano. Kazi ni kuchagua, na wengi hukosea pale mwanzo kabisa, wanapotafuta jina ambalo hakuna mwingine analo. Jina adimu ni rahisi kulipata. Italia ina halmashauri za miji na vijiji zaidi ya 7,800, na majina mengi ya miji hiyo hajawahi kuitwa nayo mtu yeyote. Mengi yao hayafai, hata yawe matamu vipi kwenye ramani.

Mimi hutafuta jina ambalo limekwisha kupita kwa binadamu. Pengine mji wenyewe ulichukua jina la mtu, pengine mtu alichukua la mji akalivaa likamkaa. Jina la namna hiyo limeshajaribiwa: lilishaitwa, likaitikiwa, likafupishwa, likaliliwa msibani. Jina ambalo halijawahi kutoka kwenye kibao cha barabarani halijapita lolote kati ya hayo, na atakayelifanyia majaribio ni mtoto wako.

Mfano bora ninaoujua ni wa nyumba moja, dada wawili. Bwana na Bibi Nightingale, Waingereza wenye uwezo, walioana mwaka 1818 wakaenda kukaa Italia. Binti wa kwanza alizaliwa Napoli mwaka 1819, wa pili Firenze tarehe 12 Mei 1820. Wa pili wakamwita Florence, yaani jina la mji wenyewe kwa Kiingereza. Wa kwanza wakamwita Frances Parthenope, na Parthenope ni jina la kale la Napoli, alilokuwa nalo kiumbe wa baharini wa ngano za Kigiriki aliyewavuta mabaharia kwa wimbo wake, na ambaye mwili wake, wanasema, ulisukumwa na mawimbi hadi ufuoni pale. Wakati huo Florence halikuwa jina la kawaida la msichana. Binti akakua, akaenda kuwauguza askari katika vita vya Crimea, akarudi amekuwa mtu mashuhuri, na jina likasambaa duniani. Leo akina mama walioitwa Florence wako Kisumu, Bukoba na Kampala, na wengi wao hawajawahi kufikiri kwamba wanaitwa kwa mji. Parthenope likabaki la dada mkubwa, ambaye nyumbani walimkatia wakamwita Parthe, na baada yake likakaa kimya muda mrefu, hadi Paolo Sorrentino alipolichukua kwa filamu yake ya mwaka 2024 kuhusu mwanamke wa Napoli.

Kwa mtazamo wangu, Parthenope ndilo jina bora kati ya yale mawili. Linaupa mji sura ya mtu, na lina hadithi ambayo mtoto wa miaka sita anaweza kuisimulia. Kasoro yake ni urefu, na ile th iliyobanwa na r ambayo watoto wengi wataikwepa. Mwenye moyo alitie jina la pili.

Upo pia ukweli wa kisheria ambao wapenzi wa majina ya Kiitaliano huwa hawauangalii. Waitaliano wenyewe hawakuwa na desturi kubwa ya kuwapa watoto majina ya miji, na sheria ya usajili wa raia ya mwaka 1939 iliwakataza waziwazi kumpa mtoto jina la mahali. Kanuni zilizopo sasa, za mwaka 2000, hazina tena katazo hilo, lakini bado zinakataza jina la kuchekesha au la aibu, na zinakataza jina la ukoo kufanywa jina la mtoto. Katazo hili la mwisho linagusa miji mingi, maana Ancona, Modena, Pavia na Volterra ni majina ya koo, nyingi zikiwa za Wayahudi wa Italia. Vito Volterra, mwanahisabati aliyezaliwa Ancona mwaka 1860, ni wa koo hizo. Ukimwita mtoto Volterra, Mwitaliano atasubiri umtajie na jina lake. Mzazi anayejifungulia huko afikirie jambo hili kabla hajafika dirisha la usajili.

Sasa sauti, ambayo ndiyo ninayoipa uzito kuliko vyote. Kiswahili hukaza silabi ya pili kutoka mwisho, na kwa bahati njema Kiitaliano nacho hufanya hivyo mara nyingi. Verona, Siena, Matera, Ravenna: bibi wa Tanga atayatamka karibu sawa na bibi wa kule yalikotoka. Lakini Genova, Napoli, Padova, Mantova na Otranto hukazwa silabi ya tatu kutoka mwisho. Modena kwao ni MO-dena. Kwetu litakuwa mo-DE-na tangu siku ya kwanza, na mtoto atakuwa na majina mawili, la nyumbani na la wenye nalo, akisahihishwa kila anapokutana na Mwitaliano. Sioni sababu ya kumtwisha mzigo huo wakati majina yenye mkazo wetu yamejaa tele.

Herufi zilizorudiwa nazo ziangaliwe. Kwa Kiitaliano hutamkwa kwa kukawia, na sisi hatukawii. Ravenna likisemwa Ravena halipotezi kitu. Lucca, mji wa Toscana wenye kuta unazoweza kutembea juu yake kuuzunguka mji mzima, likisemwa haraka linakuwa Luka, na binti atapokea barua zilizoandikwa kwa mwanamume. Kisha lipo sikio la Kiswahili lenyewe. Ziwa Como ni zuri, lakini komo ni paji la uso lililotokeza, na watoto wa shule hawana huruma. Mji wa kale wa Cuma, penye pango la mtabiri Sibila, hutamkwa kwa K. Hilo halihitaji maelezo.

Kuna jaribio letu ambalo vitabu vya majina vya Ulaya havinalo. Kwetu jina la mtoto huvaliwa na wazazi kwanza. Kabla mtoto hajajua kuitika, mama yake ameshakuwa Mama Fulani sokoni na baba yake Baba Fulani kijiweni. Basi litie jina mdomoni namna hiyo, kwa sauti, mbele ya watu. Mama Siena inakaa. Mama Ravenna inakaa vizuri zaidi, ina uzito wa mama mwenye nyumba. Baba Caltanissetta itakatwa kabla ya wiki kwisha, na hujui itakatiwa wapi. Halafu nenda mlango wa jikoni uliite mpaka mwisho wa uwanja. Jina zuri huishia na vokali unayoweza kuivuta, na hapa miji ya Italia inashinda ya Ulaya karibu yote.

Mzigo wa jina una sura mbili. Ya kwanza ni biashara. Carrara ni jina tamu, lakini ni marumaru, na ukiingia duka lolote la vigae utalikuta limeandikwa kwenye maboksi. Magenta ni mji karibu na Milano palipopiganwa vita tarehe 4 Juni 1859, rangi ikapewa jina lake, na sasa rangi imeumeza mji. Asti, Marsala na Barolo ni divai, jambo ambalo familia ya Kiislamu haitalifurahia. Siena nayo ni rangi ya udongo wa kahawia, lakini imesalimika, kwa sababu ina Mtakatifu Katerina, aliyezaliwa mwaka 1347, na ina mbio za farasi za Palio tarehe 2 Julai na 16 Agosti kila mwaka, na watu wa mitaa yake 17 wanazililia kama msiba. Iandikwe kwa n moja. Kwa n mbili unaandika rangi ya Kiingereza.

Sura ya pili ni historia. Salò ni mji mtulivu kando ya Ziwa Garda, lakini hapo ndipo serikali ya mwisho ya Mussolini ilipopata jina lake. Lampedusa ina mdundo mzuri mno, na ni kisiwa ambacho tarehe 3 Oktoba 2013 watu zaidi ya 360, wengi wao Waeritrea, walizama karibu na pwani yake. Mtoto wa Afrika Mashariki asiitwe hivyo, isipokuwa familia yake ina sababu ya kuomboleza na imeamua kuomboleza kwa jina. Waitaliano wenyewe wamewahi kuwaita binti zao Adua, yaani Adwa ya Ethiopia, jeshi la Menelik lilipowashinda tarehe 1 Machi 1896. Igiaba Scego, mwandishi wa Kiitaliano mwenye asili ya Kisomali, alilitumia jina hilo kwa riwaya yake ya mwaka 2015, na humo linabeba uzito wote wa ukoloni. Ni jina la kike lenye sauti nyororo, na ndani yake kuna uwanja wa vita.

Majina ninayoyapenda yako mbali na vituo vya watalii. Anza na barabara za Warumi. Mkoa wa Emilia umeitwa kwa Via Aemilia, iliyojengwa mwaka 187 kabla ya Kristo na Marcus Aemilius Lepidus: mtu akaipa barabara, barabara ikaupa mkoa, na mkoa unaweza kumpa mtoto. Emilia si adimu, lakini Flaminia ni adimu kwetu. Via Flaminia ilitoka Roma kuelekea pwani ya Adriatiki tangu mwaka 220 kabla ya Kristo, na hadi leo Roma utawakuta wasichana waitwao Flaminia. Kwetu litafupishwa kuwa Mina, na Mina halimwaibishi mtu.

Velia ninaliweka juu zaidi. Ulikuwa mji wa Wagiriki kusini mwa Napoli, nao waliuita Elea. Huko ndiko alikoishi Parmenides, na mwanafunzi wake Zeno, yule wa kitendawili cha Akilesi na kobe. Warumi wakauita Velia. Papo hapo Velia lilikuwa jina la wanawake wa Kietruski, na Waitaliano wameendelea kulitumia. Silabi nyepesi, na nyuma yake mji wa wanafalsafa. Nola nalo lina sifa hizo: mji mdogo karibu na Napoli, Augusto alikofia mwaka 14 na Giordano Bruno alikozaliwa mwaka 1548. Mama Nola. Hata karani mwenye haraka hawezi kuliandika vibaya.

Wavulana wana machache. Adriano limetoka Adria, na Kaisari Hadrian, ambaye ukoo wake ulitoka mji wa jina hilo, ndiye aliyelipa heshima. Kwa hiyo kila Adrian wa Moshi ana mji wa Italia mfukoni. Tiberio ni mto Tiber. Loreto ni jina la kiume huko Italia, ingawa kwetu, kwa sababu ya shule za masista wa Loreto nchini Kenya, litasikika la kike. Italo lina hadithi nzuri: wazazi wa Italo Calvino walimpata Cuba mwaka 1923 wakamwita hivyo asiisahau nchi yao. Kwa mzazi Mwafrika anayelea mtoto Italia, Italo lina maana yake pia, ila mtoto ataulizwa sana.

Nimeliweka nyuma jina ambalo ningelitoa mimi, kwa sababu linahitaji nafasi. Waislamu waliitawala Sisilia kuanzia karne ya 9, na hata baada ya Wanormani kuichukua mnamo karne ya 11, wafalme wapya waliendelea kujenga kwa mikono na mila za mafundi wa Kiarabu. Ndiyo maana ramani ya kisiwa hicho imejaa maneno ambayo masikio yetu yanayakaribia. Favara ni chemchemi inayobubujika. Na Palermo, karne ya 12, mfalme William wa Kwanza alianza kujenga jumba la kupumzikia wakati wa joto, nje kidogo ya mji, katika bustani. Ukumbi wake wa chini una chemchemi ukutani, maji yakishuka kwenye mfereji uliochongwa katikati ya sakafu ili hewa ipoe, na juu yake vimo vishubaka vya dari vilivyopangwa kama sega la asali. Jumba liliitwa al-Aziza. Wasisilia wakalila kichwa, likabaki Zisa, na mtaa unaolizunguka nao ni Zisa.

Silabi mbili, mkazo wa kwetu, hakuna herufi ya kubishania, hakuna chupa wala kigae chenye jina hilo dukani. Mwitaliano atajua ni Palermo, Mwarabu akielezwa atatabasamu, na nyumba ambayo tayari ina bibi Aziza, awe Zanzibar, Mombasa au Muscat, itakuwa imempa mjukuu jina la bibi yake bila kulirudia. Liandikwe hivyohivyo kwenye cheti cha kuzaliwa, Z-I-S-A, pasipo kuongeza h wala kurudia s, na bibi aambiwe mapema, kabla ya siku ya akika, ili yeye ndiye awaeleze wageni limetoka wapi.