Frikiki ya Roberto Carlos: kwa nini mpira ulikata kona mwishoni

Juni 3, 1997, kwenye uwanja wa Gerland mjini Lyon, Brazil ilipata mpira wa adhabu dhidi ya wenyeji Ufaransa, kama mita 35 kutoka golini. Roberto Carlos, beki wa kushoto, aliutenga mpira, akarudi nyuma hatua nyingi, akaja mbio na kuachia kombora la mguu wa kushoto. Mpira ulipita kulia mwa ukuta ukielekea nje kabisa, hata muokota mipira aliyekuwa upande ule akainama kujikinga. Ghafla ukarudi kushoto, ukagonga mwamba kwa ndani na kuzama wavuni. Kipa Fabien Barthez alibaki amesimama.

Watu hulitaja goli lile kama muujiza. Ukilifuatilia hatua kwa hatua unakuta kila kitu kina sababu yake, na kwangu mimi hapo ndipo utamu wake unapozidi.

Tuanze na mguu. Aliupiga mpira kwa vidole vya nje, na akaugusa upande wake wa kulia badala ya katikati. Mguso wa namna hiyo hufanya kazi mbili kwa mpigo: unausukuma mpira mbele na kuuzungusha. Mwendo wake wakati unaondoka hukadiriwa kuwa kama kilomita 130 kwa saa. Ungeutazama kutoka juu, ungeuona ukizunguka kinyume na mishale ya saa.

Mpira unaozunguka huburuta tabaka jembamba la hewa lililogusana na ngozi yake. Upande wa kushoto, ngozi ilikuwa ikienda sawa na hewa inayopita, kwa hiyo hewa ile ilizunguka na mpira kwa muda mrefu zaidi kabla ya kuachana nao. Upande wa kulia ngozi ilipingana na hewa, na hewa ikabanduka mapema. Matokeo yake, mkondo wa hewa nyuma ya mpira ulitupwa kulia, nao mpira ukasukumwa kushoto, kama usukani wa mashua unaosukuma maji upande mmoja na tezi ikaenda upande wa pili. Mjerumani Heinrich Gustav Magnus aliichunguza kani hii katikati ya karne ya 19, na hadi leo inaitwa kwa jina lake.

Lakini kani ya Magnus peke yake haitoshi kueleza goli la Lyon. Kila anayepiga kona ya kuzungusha anaitumia, na mpira wake hupinda kwa utaratibu tangu mwanzo hadi mwisho. Huu wa Carlos ulikaribia kunyooka kwanza, halafu ukakata. Kwa nini?

Ukali wa kupinda hutegemea uwiano wa vitu viwili, yaani mwendo wa mpira na kasi ya mzunguko wake. Mpira unaokwenda mbio sana hupinda kwa duara kubwa, duara ambalo jicho huliona kama mstari. Mwendo ukishuka huku mzunguko ukibaki, duara linakuwa dogo. Na hewa hufanya hivyo hasa. Kwa kasi ile, kani ya hewa inayourudisha mpira nyuma inakaribia uzito wa mpira wenyewe, kwa hiyo mwendo unapungua haraka. Mzunguko unapungua polepole. Kila mita inayopita, njia inazidi kujikunja kuelekea ndani.

Mwaka 2010 wanafizikia wa Ufaransa, wakiwemo Christophe Clanet na David Quéré, walichapisha utafiti kuhusu jambo hili. Walifyatua vijitufe vya plastiki vinavyozunguka ndani ya maji, wakaona vikichora njia inayojikunja kama gamba la konokono. Kwa mpira wa miguu, kujikunja huko kunahitaji umbali mrefu ndipo kuonekane. Frikiki ya mita 20 inafika golini kabla mwendo haujapungua vya kutosha. Ndiyo maana nasema mita 35 zile, ambazo wapigaji wengi wangeziona kikwazo, zilikuwa nusu ya goli. Barthez naye simlaumu: sehemu ya kwanza ya safari, ambayo kipa huitumia kuamua, ilionyesha kweli kwamba mpira unatoka nje. Safari nzima ilichukua zaidi kidogo ya sekunde moja.

Kuna jambo ambalo wapigaji wetu wa Afrika Mashariki wanapaswa kulizingatia. Kani hizi zote mbili hutegemea uzito wa hewa. Dar es Salaam, ulipo Uwanja wa Benjamin Mkapa, iko usawa wa bahari. Kasarani, Nairobi, iko zaidi ya mita 1,500 juu yake, na hewa ya huko ni nyepesi kwa takriban asilimia 15. Mpira uliozoea kupinda mita 4 pale Uwanja wa Benjamin Mkapa, ukipigwa vilevile Kasarani, utapungukiwa na zaidi ya nusu mita, ilhali sheria zinataka mwamba wa goli usizidi unene wa sentimita 12.