Mwili Unaokumbuka: Uigizaji wa Oliver Litondo katika The First Grader

Filamu ya The First Grader (2010), iliyoongozwa na Mwingereza Justin Chadwick, imezoeleka kusomwa kama sifa kwa elimu. Msingi wake ni kisa cha kweli cha Kimani Maruge, mpiganaji wa zamani wa Mau Mau aliyejiandikisha darasa la kwanza katika Shule ya Msingi ya Kapkenduiywo, Eldoret, Januari 2004, akiwa na umri wa miaka 84. Serikali ilikuwa imeondoa karo mwaka mmoja kabla. Makala haya yanashikilia kwamba usomaji huo ni finyu, na kwamba anayeupinga kwa nguvu zaidi ni mwigizaji mkuu, Oliver Litondo.

Litondo, mwenye asili ya Kiluhya, alikuwa mtangazaji wa televisheni. Kama waigizaji wengi wa Kenya wa kizazi chake, aliingia katika sinema kupitia filamu za wageni, mathalani Ivory Hunters (1990), ambazo aghalabu humweka Mwafrika pembeni mwa hadithi ya Mzungu. Alipokabidhiwa nafasi ya Maruge alikuwa ameshapita miaka sitini. Hata hapo, Wakenya wanaomzunguka katika hadithi waliigizwa na wageni: mwalimu Jane na Naomie Harris wa Uingereza, mumewe na Tony Kgoroge, na afisa Kipruto na Vusi Kunene, wote wawili wa Afrika Kusini. Mwaka 2012 Litondo aliteuliwa kuwania tuzo ya NAACP ya mwigizaji bora, nchini Marekani.

Chadwick anatumia mno mbinu rejeshi. Mateso ya kizuizini anatwikwa mwigizaji mwingine, Lwanda Jawar, anayeigiza ujana wa Maruge, na hadhira huonyeshwa kila jeraha. Litondo anabakiziwa kimya, naye anakitumia vyema. Pale anapotakiwa kuchonga penseli, mkono wake unasita kabla hadhira haijaelezwa kwamba penseli iliyochongwa ndiyo iliyoharibu sikio lake. Kusita huko kunatosha. Picha za mateso zinazofuata zinarudia tu kile ambacho mwili umekwisha kusema. Kadhalika mwendo wake wa kuchechemea, akiwa amevaa kaptura na soksi za shule, unazuia kichekesho ambacho vazi hilo lingezua.

Barua kutoka ofisi ya rais, ambayo Maruge anataka kuisoma mwenyewe, ndiyo kiini cha mgogoro. Mswada unaifanya kuwa kichocheo cha bidii ya masomo. Litondo anaishika kama mtu anayeshika hati ya deni. Mzee huyu hasomi ili asahau. Anasoma ili adai. Historia imeuthibitisha usomaji huo: Juni 2013 Uingereza ilikubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa wahanga 5,228 wa mateso ya enzi ya Hali ya Hatari.

Lakini lipo deni jingine ambalo filamu inaligusa na kuliacha. Inagusia uhasama wa kikabila, kisha inautuliza kwa umoja wa darasani. Mtazamaji wa Kipkelion, mji wa reli uliowahi kuitwa Lumbwa katika nchi ya Kericho, hawezi kutulizwa kwa wepesi huo. Huko, kama Eldoret, swali la nani mwenyeji na nani mgeni katika ardhi ya Bonde la Ufa lilizua umwagaji damu mwaka 1992 na tena 2008, waliofukuzwa walipokimbilia monasteri ya Watrapisti. Watawa wenyewe hatimaye walihamia Uganda. Maruge naye aling'olewa Eldoret mwaka 2008, akaishi kambini, akafia Nairobi Agosti 2009. Filamu inakomea kabla ya hapo.

Msanii hana wajibu wa kusimulia yote. Hata hivyo, kukomea penye ushindi ni uamuzi wa kiitikadi: elimu inageuzwa kuwa jibu la swali la ardhi ambalo halikuulizwa. Ndiyo maana thamani ya Litondo inazidi ile ya mswada aliopewa. Katika uso wake hakuna wakati ambapo deni limelipwa.