'Yetu' ya Bendera ni ya Nani?

Kila mtoto wa Kenya hukaririshwa rangi za bendera iliyopandishwa Desemba 12, 1963: nyeusi ni watu wetu, nyekundu ni damu iliyomwagwa kupigania uhuru, kijani ni ardhi yetu, nyeupe ni amani. Ungedhani maana zilifungwa siku hiyo. Wapi! Vipande viwili vya sarufi humo vingali vinagombaniwa.

Cha kwanza ni kimilikishi 'yetu'. Mkazi wa Kibera akisema 'ardhi yetu', anamaanisha ardhi ipi? Wengi mtaani humo ni wapangaji. Wanubi, ambao mababu zao walikuwa askari wa Mwingereza, walipata hatimiliki ya jamii ya ekari 288 mwaka 2017. Basi kijani hicho kiliwasubirisha zaidi ya nusu karne baada ya uhuru.

Cha pili ni '-li-' ya 'iliyomwagwa'. Kiambishi hicho huiweka damu yote enzi za mkoloni. Lakini waliouawa Kibera na Kawangware katika ghasia za uchaguzi wa 2017 hawakufa enzi hizo. Wala vijana waliopigwa risasi Juni 25, 2024 wakipinga Mswada wa Fedha, wengi wao wakiwa na bendera hiyohiyo mikononi na mabegani.

Lugha ya siasa nayo imewapendelea wakubwa. 'Kupeperusha bendera' ni kuwania kiti kwa tiketi ya chama. 'Gari la bendera' ni uwaziri, na sheria inawaruhusu wachache tu kuitundika garini. Mwananchi ameachiwa methali 'bendera hufuata upepo', apigwe nayo kijembe. Ndiyo maana mwaka 2024 ulishtua: mahali pa rangi za vyama zilizowatenganisha majirani mwaka 2017, vijana walibeba rangi za nchi.

Wapo wanaodai eti bendera ikivaliwa na waandamanaji inadunishwa. Sikubaliani nao. Mwanariadha wetu akishinda ng'ambo hujifunga iyo hiyo, nasi tukashangilia. Kinachoidunisha ni kuifundisha kama hadithi iliyokwisha. Mwalimu wa Kawangware na awaulize wanafunzi wake: 'yetu' hapa ni ya nani? Wakikosa jibu, asiwaondolee alama. Swali hilo linawahusu waliokalia magari ya bendera.